Bawa Lililoshonwa Makurunge

Baba yangu alikuwa fundi wa magodoro ya sufi hapa Bagamoyo, na baada yake kazi ikawa yangu. Magodoro ya sponji yalipoenea nikabaki na mito, matakia ya hoteli za ufukweni, na wazee wachache ambao hawapati usingizi pasipo sufi. Godoro la sufi cherehani haimalizi kazi yake. Ukishalijaza, unapitisha uzi kutoka juu hadi chini kwa shazia, sindano ndefu kama penseli mbili zilizounganishwa, unavuta, unafunga fundo, unasogea, unarudia. Usipofanya hivyo sufi yote inakimbilia upande mmoja. Kwa sababu ya shazia hiyo, siku moja ya mwisho wa Januari, mwanamke mmoja aliingia dukani kwangu.

Alishuka kwenye bajaji kabla ya adhuhuri. Alikuwa Mwafrika mrefu, aliyenizidi umri, na mimi nilikuwa na miaka hamsini na sita. Alivaa ovaroli ya kijivu iliyolowa oili mpaka magotini. Mkono wa kulia alikuwa ameufunga kwa skafu na kuuning'iniza shingoni.

"Habari yako, dada. Wewe ndiye unashonanga na hiyo sindano mrefu?"

Kwa maneno hayo tu nikajua ametoka bara ya Kenya.

"Ndiye mimi. Karibu ndani. Pole na mkono."

"Asante. Niko na ndege hapo Makurunge. Imepasuka bawa."

Mtu wa pwani akisema "imepasuka" najua anasema chombo, na akisema "amepasuka" najua anasema kiumbe. Lakini huyu alikuwa ameshaniambia sindano mrefu, kwa hiyo sikuwa na hakika. Nikamwuliza ni ndege wa kufuga au wa porini. Alinitazama kidogo, kisha akacheka mpaka akashika fremu ya mlango kwa mkono wake mzima.

"Ya kuruka na mtu ndani," akasema. "Mimi ndiye rubani."

Mama yangu, ambaye alikuwa na miaka themanini na mmoja na kila asubuhi alikaa nyuma ya meza ya kukatia vitambaa, akaacha kuchambua mchele. Sisi ni Waislamu wenye asili ya Kihindi, tumekaa mji huu tangu babu wa babu yangu, na mama alikuwa na tabia ya kumhoji kila mgeni. Mara hii hakuuliza kitu. Aliagiza chai iletwe.

Mgeni akatueleza akiwa amesimama, kana kwamba anatoa taarifa kazini. Alikuwa miongoni mwa wanawake wa mwanzo nchini kwao kuendesha ndege za abiria, na miaka michache nyuma alikuwa amestaafu. Yeye na wenzake wachache walinunua ndege ya kizamani ya mabawa mawili, ya mbao na kitambaa, na wakaikarabati kwa miaka. Sasa alikuwa anakwenda nayo peke yake kutoka Nairobi mpaka kusini kabisa mwa Afrika, kama walivyofanya wanawake wachache katika siku za mwanzo za urubani. Alipita Tanga, akafuata ufuo ili afike Dar es Salaam. Juu ya mto Ruvu bomba la oili likapasuka, oili ikamrukia usoni na kwenye kioo, naye akatafuta mahali pa kutua. Akaiona barabara ya shambani, nyekundu na iliyonyooka. Alitua salama, lakini mwishoni ndege ikayumba na bawa la chini la kushoto likapita katikati ya kichaka cha miiba. Kifundo cha mkono kilimteguka hapo hapo.

"Kitambaa niko nacho, uzi niko nao, gundi niko nayo," akasema. "Mkono ndio sina. Nimeuliza watu wa shamba, wakaniambia kuna mama wa magodoro."

Nilitaka kumwambia kwamba sijawahi. Mama akanitangulia kwa Kikachi, lugha yetu ya nyumbani: "Nenda ukaangalie kwanza. Kuangalia hakuna dhambi."

Watu wa shamba walikuwa wameisukuma ndege ndani ya banda la matrekta. Nilitarajia kitu kikubwa. Ilikuwa ndogo kuliko lori la mchanga, rangi yake ya krimu, na ilinuka petroli na vanishi. Niligonga ubavu wake kwa kidole, ukalia kama ngoma. Chini ya bawa kulikuwa na mpasuko mrefu zaidi ya mkono wangu, na ndani yake nikaona mifupa: mbavu nyembamba za mbao, nyepesi, zilizopangwa kama mbavu za samaki. Ubavu mmoja ulikuwa umevunjika.

"Huu wa mbao mtu wa Dar atakuja kuurekebisha," akasema. "Wewe unataka kuona uzi."

Akanionyesha sehemu ya bawa ambayo haikupasuka. Uzi wenye nta ulipita kutoka juu ya bawa hadi chini, ukauzunguka ubavu, ukafungwa fundo, ukasogea vidole vitatu, ukafungwa tena. Nilikaa nikautazama kwa muda mrefu. Ilikuwa kazi ya godoro. Fundo ndilo lililokuwa tofauti, nalo nikajifunza mchana ule ule kwenye kipande cha gunia.

Nilikwenda Makurunge siku nne mfululizo. Yule fundi wa Dar alifika siku ya pili asubuhi, na alikuwa msichana, au niseme mwanamke kijana, asiyezidi miaka thelathini, mhandisi wa ndege mwenye leseni, amebeba sanduku la vifaa na bomba jipya la oili lililofungwa kwenye gazeti.

"Shikamoo mama," akaniambia. Kisha akamgeukia rubani: "Shikamoo kapteni."

"Marahaba," tulijibu kwa pamoja.

Alifanya kazi bila maneno. Aliunga ubavu kwa gundi na vipande vya mbao, akaubana kwa vibanio, akatuamuru tuuache mpaka kesho yake. Siku ya tatu tulibandika kitambaa kipya na mimi nikaanza kushona. Rubani alikaa upande wa pili wa bawa kwenye ndoo iliyopinduliwa. Nilipopenyeza sindano yeye aliipokea kwa mkono wa kushoto na kunirudishia. Hivyo tukashona tukiwa hatuonani, bawa likiwa katikati yetu.

Hapo ndipo aliponieleza habari za wale wanawake wa zamani. Hakuzieleza kwa kuwasifu. Alisema hawakuwa na redio. Walikuwa na ramani pajani, na upepo ukiipeperusha ramani basi imekwenda. Walichuja petroli wenyewe kwa kipande cha ngozi laini, kwa sababu kwenye madebe mlikuwa na maji na kutu, na tone moja la maji lilitosha kuizima injini. Walitua kwenye viwanja vya mpira, kwenye vitanda vya mito iliyokauka, kwenye mashamba ya watu. Wengine walikaa siku kadhaa chini ya bawa wakisubiri kuonekana. Wengine hawakuonekana. Mmoja, alisema, alichaniwa bawa na ng'ombe waliokuwa wanalamba kitambaa kwa sababu ya chumvi au gundi, likashonwa kwa shuka aliyopewa na watu wa pale.

"Aliyemshonea nani?" nikauliza.

"Haijaandikwa."

"Hata jina la kijiji?"

"Hata kijiji. Imeandikwa tu kwamba alipata msaada, akaendelea."

Nikaendelea kushona. Sikusikia uchungu wowote. Nilichofikiria ni kwamba shuka haifai, inavutika, na kwamba huyo aliyeshona lazima aliliona hilo lakini hakuwa na kingine.

Nilipomaliza mbavu tano, mhandisi akaja na rula yake. Alianza kwenye ubavu wa kwanza, akapima fundo kwa fundo. Alipofika wa tatu akasimama.

"Mama, samahani. Hapa nafasi imezidi."

"Imezidi kiasi gani?"

"Kidogo sana. Lakini mstari huu wote ufumuliwe."

Tangu baba alipofariki hakuna aliyewahi kuniambia nifumue. Nina miaka zaidi ya thelathini kwenye kazi hii. Nilihisi masikio yanawaka moto, na nilikuwa karibu kumwambia binti yule kwamba nimeanza kushona kabla mama yake hajaolewa. Nikamtazama rubani nikitarajia atanitetea.

"Fumua tu, dada," akasema. "Ni mimi nitakuwa huko juu."

Nilifumua. Niliposhona upya niliomba rula, na kila fundo nikalipima mwenyewe. Mhandisi hakusema tena neno mpaka mwisho, ila alipokuwa anapaka ile rangi ya kukaza kitambaa aliniambia, bila kuniangalia, kwamba mishono yangu ilikuwa imelala vizuri kuliko ya zamani. Rangi ile ilikuwa na harufu kali ya kuumiza kichwa. Kitambaa kilipokauka kikajivuta, kikawa kigumu, na nilipokigonga nacho kikalia.

Siku ya nne ilikuwa ya majaribio. Mkono wa rubani ulikuwa umepungua uvimbe, na mhandisi aliufunga kwa bandeji pana. Ndege ile ina viti viwili, kimoja mbele ya kingine, vyote wazi. Rubani hukaa nyuma.

"Kiti cha mbele hakina mtu," akaniambia. "Wewe umeshona. Utakuja?"

Nikasema lazima nimwulize mama. Nilijua inachekesha, mtu wa umri wangu, mjane, mwenye watoto wawili wakubwa. Hakuna aliyecheka. Nikampigia simu.

"Umeshona vizuri au hukushona vizuri?" mama akauliza.

"Nimeshona vizuri."

"Sasa unaogopa nini?"

"Bawa siliogopi, mama. Naogopa kuruka."

Nilimsikia anazungumza na mteja habari ya foronya, kisha akarudi. "Mimi sikukatazi na sikuruhusu. Ukirudi nipigie." Akakata.

Nilijifunga mtandio mara mbili, juu yake nikavishwa kofia ya ngozi yenye mpira wa kusemea, maana bila mpira ule hakuna anayemsikia mwenzake. Mhandisi akanifunga mikanda. Akaizungusha propela kwa mikono, injini ikashika, na mtetemo ukanipanda kutoka kwenye kiti hadi kwenye meno.

Sikumbuki tulipoachana na ardhi. Nakumbuka barabara nyekundu ikiwa pembeni yangu, kisha ikiwa chini yangu, na vijana wa shamba wakiwa wamejishika vichwa. Tuliufuata mto Ruvu mpaka mikoko ilipoanza. Tukageuka kusini. Mji wetu ulipita upande wa kushoto, paa za mabati na paa za vigae, nikautafuta mtaa wa duka letu nisiuone. Mbegani nikayaona mabwawa ya samaki ya chuo, ya kijani na ya kahawia, yamepangwa kama vipande vya kitambaa kwenye meza. Mlingotini nikaona mistari ya vigingi vya mwani na wanawake wameinama kati yake. Mmoja alinyanyua uso. Hayo yote niliyaona haraka, kwa sababu muda mwingi nilikuwa nalitazama bawa la kushoto. Nilikuwa nahesabu mafundo. Upepo ulikuwa unakivuta kitambaa juu, kikatuna kidogo kati ya ubavu na ubavu, na kwenye kila ubavu uzi ukakizuia.

Tulipokuwa tunageuka kurudi, injini ikakohoa.

Ilikohoa mara mbili, ikanyamaza kwa muda ambao siwezi kuukadiria, ikakohoa tena. Katika ule ukimya nilisikia upepo ukipita kwenye nyaya. Sauti ya rubani ikaja kwenye mpira, ya kawaida kabisa.

"Dada, angalia mbele yako. Kuna uwanja ama ni shamba la mpunga?"

Nikaangalia. "Ni chumvi. Viwanja vya chumvi. Vimekauka."

"Vina matuta?"

"Vina matuta."

"Sawa. Hatutaki hapo."

Akagusa kitu, injini ikashika tena, ikanguruma bila kusita mpaka Makurunge. Tulitua mara tatu, maana ndege iliruka kidogo kila ilipogusa chini. Mhandisi alikuja mbio akafungua kifuniko cha injini kabla sijashuka. Kulikuwa na maji kwenye petroli. Waliimimina yote, wakachuja upya kupitia kipande cha ngozi laini, na nikaona matone ya maji yamebaki juu ya ngozi, madogo, meupe, yanatembea.

Nilimpigia mama nikamwambia nimerudi. Akasema alhamdulillah, na kwamba mtu wa hoteli amekuja kuulizia matakia yake.

Rubani aliondoka kesho yake asubuhi. Aliniahidi kwamba kila akitua atanitumia ujumbe. Kabla ya adhuhuri ukaja wa kwanza: "Nimefika Dar." Ukaja wa Morogoro, na wa Iringa. Baada ya Iringa, kimya.

Siku ya kwanza ya kimya nilisema simu imeisha chaji. Siku ya pili nikapiga, haikupatikana. Siku ya tatu nikagundua kwamba godoro nililokuwa nashona nilikuwa nimelifumua mara mbili pasipo kosa lolote. Nilikuwa naurudia mstari ule wa ubavu wa tatu kichwani, fundo kwa fundo, nikijiuliza kama la mwisho nililivuta sawasawa. Mama aliniona. Baada ya sala ya alasiri alikaa na tasbihi yake muda mrefu kuliko kawaida.

Siku ya nne nilimpigia mhandisi.

"Mama," akaniambia, "mimi nimeweka sahihi yangu kwenye lile bawa. Na mimi silali. Lakini nikilifikiria, bawa silihofii. Nahofia mawingu ya milimani."

Alikuwa sahihi. Siku ya tano simu ikaita, namba nisiyoijua.

"Dada, ni mimi. Nimeazima simu ya mwalimu."

Ukungu ulikuwa umemfungia njia kabla ya Mbeya. Alipoona hana pa kupita wala pa kurudi, akatua kwenye uwanja wa mpira wa shule, kijijini, mahali pasipo na mtandao. Alikaa siku nne akisubiri milima ionekane, akila ugali na mboga za maboga kwa mwalimu mkuu. Sasa alikuwa ametembea mpaka kilimani kutafuta mtandao.

"Bawa je?" nikauliza.

"Bawa liko sawa. Mbona hukuniuliza mimi?"

Akacheka, simu ikakatika.

Hakufika kusini. Alivuka mpaka akaingia Zambia, na siku mbili baadaye injini ikafa kabisa, akatua kwenye mahindi. Yeye hakuumia. Magurudumu yaling'oka na propela ikavunjika vipande. Ndege ilirudi Nairobi juu ya lori, mabawa yamefunguliwa na kulazwa pembeni. Alinipigia kunieleza hayo kwa sauti ile ile ya taarifa, akaongeza kwamba hata wale wa zamani, wengi wao safari ziliishia njiani, ila vitabu hupenda kuwasimulia waliofika.

Mwaka uliofuata alipita Bagamoyo kwa basi. Madaktari walikuwa wamemnyima cheti cha afya kwa sababu ya moyo, na bila cheti rubani haruhusiwi kuruka peke yake. Alituletea majani ya chai na kitambaa cha kanga kwa ajili ya mama. Alikaa siku mbili, na sehemu kubwa ya siku hizo alilala, kwenye godoro la sufi la chumba cha nyuma. Siku ya pili, tukiwa tunakula pilau kibarazani, nikamwuliza jambo ambalo nilikuwa nalo tangu siku ile.

"Injini ilipokohoa na mimi nimo, uliogopa?"

"Sana."

"Sauti yako haikuonyesha."

"Sauti ni kazi. Tulifundishwa." Alitafuna, akameza. "Kule milimani sikuogopa hivyo. Nikiwa peke yangu huwa najua ni mimi tu. Siku ile nilikuwa naona kichwa chako mbele yangu, na huo mtandio wako unatoka chini ya kofia. Nikajiambia, huyu mtu nimemtoa kwa mama yake."

Mama, ambaye tulidhani hasikii, akasema: "Ongeza pilau, mwanangu, umekula kidogo."

Akaongeza. Asubuhi yake nilimsindikiza stendi, akapanda basi la Tanga, akachagua kiti cha dirishani.